Tulihudhuria Statistiki Mpaka Lemera

Wadogo zangu wa ofisi, siku mliyoniaga mlinipa kipaza sauti mkitaka niseme neno, nami nikasema asante, nikaketi. Mlidhani ni unyenyekevu. Haikuwa hivyo, wali ulikuwa unapoa. Sasa nimestaafu kweli, niko nyumbani Mulongwe, hapa Uvira, na mke wangu amechoka kuniona barazani. Juzi alinisogezea meza ndogo akaniambia, "Baba, andika ile kazi yako umalize, juu hapa unanihesabu kila nikiingia na kila nikitoka. Minye si mwanafunzi."

Basi naandika. Vyeo sitavitaja, kwa sababu sikupata hata kimoja: niliingia apariteri, nikatoka apariteri. Kwa asiyejua, apariteri ndiye anayeandikisha wanafunzi wa chuo, anayepiga kengele, anayeangalia nani amehudhuria na nani amejificha, na siku ya mtihani anasimama mlangoni akiita majina. Professa ana kozi yake, direkta ana muhuri wake, lakini mlango ni wa apariteri. Mkumbuke hilo siku mtu mwenye tai atakapokuja kuwafokea.

Siku yangu ya kwanza nilivaa koti nililooa nalo. Papa Simoni, mzee aliyeishika kazi ile kabla yangu, alinitazama toka juu mpaka chini akauliza, "Bibi arusi iko wapi?" Kisha akanikabidhi kipande cha chuma, akanionyesha rimu ya gurudumu la lori iliyoning'inia mbele ya ofisi. Hiyo ndiyo ilikuwa kengele. Asubuhi nzima alinifundisha kuipiga. Kuna kupiga kwa kuanza somo, kuna kupiga kwa kumaliza, na kuna kupiga kwa kumwambia professa kwamba amepitisha saa na watu wana njaa. Mimi niliigonga kwa pupa, mama wa jirani akatoka mbio na watoto wake akidhani nyumba inaungua. Papa Simoni alimwomba radhi, akaniambia nirudie polepole.

Halafu tukaingia auditwari, yaani chumba kikubwa cha masomo. Nikaita majina, na kila jina likajibiwa "Prezan!" Nikafurahi, chuo kizima kimehudhuria! Papa Simoni alikuwa ameegemea ukuta akicheka kimoyomoyo. "Yule wa dirishani," akaninong'oneza, "ameitika kwanza kwa sauti yake, kisha kwa sauti ya kaka yake, kisha amebana pua ili awe muchumba wake. Sauti haina uso, mwanangu. Kamata kiti."

Kamata kiti ndiyo ilikuwa dini yake, na ikawa yangu. Mabenchi yetu yalikuwa machache, kwa hiyo yalikuwa ya wale wanaosoma kozi kwa mara ya kwanza. Aliyefeli na kurudia alikuja na kiti chake kutoka nyumbani, jina lake limeandikwa kwa rangi mgongoni mwa kiti. Kiti kikiwa kitupu, mwenyewe hayuko. Kiti kisipokuwepo, hayuko. Akija yeye bila kiti, hayuko vilevile.

"Na kama amesimama?" niliuliza.

"Anayesimama anapita njia," Papa Simoni akajibu.

Tena msidhani ilikuwa ukali wa bure. Kanuni ya chuo ilikuwa hivi: mtu akifeli kozi, haruhusiwi kukaa nyumbani na kusubiri mtihani tu. Anaifuata kozi ile upya, nzima, kwa mwalimu yuleyule. Akikosa masomo mengi, jina lake haliitwi mlangoni, na asipoitwa amefeli. Akiifeli kozi moja mara ya tatu, chuo kinamfungia njia kabisa. Kwa hiyo warudiaji walining'ang'ania mimi kuliko walivyomng'ang'ania mwalimu.

Nimeona viti, ndugu zangu. Nimeona kigoda cha kukamulia ng'ombe. Nimeona kiti cha kinyozi kinachozunguka, mwenyewe akawa anamwona mwalimu anapita mara kwa mara. Nimeona kiti cha dereva kilichong'olewa kwenye basi dogo lililopinduka, springi zake zikilia kila mwenye nacho akiandika. Mmoja alileta kiti cha mchungaji wake, na ilipofika Jumapili ibada ikaanza mchungaji akiwa wima. Lakini hakuna kiti kilichonipa taabu kama fotei ya Mama Vumilia.

Mama Vumilia alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, mjane, mama wa watoto wanne, na mkubwa wao alikuwa ameshapita kozi ileile iliyomshinda mama yake. Kozi yenyewe ni statistiki. Alikuwa ameifeli mara mbili. Shule yake ilikuwa imemwambia wazi kwamba mwalimu asiye na diploma ya chuo ataacha darasa mwisho wa mwaka. Kwa hiyo mwaka ule ulikuwa wa mwisho kwake: apite statistiki, ama aache chaki, na watoto wanne walikuwa wanakula kwenye chaki ile. Alikuja siku ya kwanza na fotei ya marehemu mumewe kichwani, ile ya sebuleni yenye mikono mipana ambayo watu humkalisha mgeni wa heshima. Haikupita mlangoni. Tuliilaza ubavu, tukaiingiza miguu kwanza.

"Mama," nikamwambia huku natweta, "hauna kiti kidogo?"

"Vidogo viko, Papa Apari. Batoto banakalia. Hii hakuna muntu anaikaliaka tangu baba yao afe. Sasa nitaikalia minye, nione kama akili yake ingali ndani."

Papa Apari ndilo jina waliloniita, wakubwa kwa wadogo. Nadhani wengi hawakujua kwamba nina jingine.

Mwalimu wa statistiki aliitwa Shefu Anselme. Kwetu shefu ni mwalimu wa chuo ambaye bado hajawa professa. Alikuwa mwembamba, mpole, mwoga wa kelele. Lori likipasua gurudumu barabarani yeye aliachia chaki. Lakini kwenye kusahihisha mitihani hakumwogopa binadamu yeyote. Sufuri yake ilikuwa ya mviringo mzuri sana, utadhani ameichora kwa kikombe.

Vita, sisi watu wa Uvira tumeviona vingi hata tunavitambua kwa upande vilikotokea. Vile vya mwaka ule vilitokea kusini, upande wa Kalundu, kwa hiyo mji mzima ukageukia kaskazini. Shefu Anselme alikuwa anaandika fomula ubaoni. Bomu la kwanza likaanguka mbali, karibu na bandari. Wote tukakimbilia dirishani. Tulipogeuka, fomula ilikuwa imeishia katikati na Shefu hayupo. Nawaambieni, sijawahi kuona mwalimu anayeheshimu mwisho wa somo namna ile.

Wengi walivuka Kavimvira kuingia Burundi. Sisi tukashika barabara ya uwanda mpaka Sange, kwa wazazi wa mke wangu. Yeye alibeba sufuria, godoro na mtoto mgongoni. Mimi nilibeba kile chuma cha kengele. Hilo hajanisamehe mpaka leo, na wageni wakija analisimulia kabla hata hawajanywa maji.

Sange ilijaa watu mpaka kwenye mabanda ya mbuzi. Wakwe zangu walitupokea vizuri, tukala wali wa mashamba yao. Siku hiyohiyo tukasikia redioni sauti ya sekretari akademiki wetu, ambaye ndiye bwana mkubwa wa masomo yote ya chuo. Alikuwa amefika Bujumbura zamani, sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeoga. Akatangaza: "Mwaka wa masomo haukufutwa. Kila mwalimu aendelee pale alipo. Kanuni zote za chuo ziko palepale." Wakwe zangu walicheka mpaka wakaacha kula. Mimi sikucheka, nilijua kuna mtu mwingine anasikiliza redio ile.

Asubuhi tukaona fotei inakuja barabarani juu ya watu. Chini yake alikuwa Mama Vumilia, na nyuma yake kundi la warudiaji wa statistiki, kila mmoja na kiti chake kichwani. Walikuwa wamekimbia vita na viti. Wengine hawakuwa na hata blanketi.

"Papa Apari, ulisikia redio?"

"Niliisikia, mama."

"Kanuni iko?"

"Iko."

"Basi shiye tunahudhuria. Batoto bangu niko nabaacha hapa kwa dada yangu. Shefu naye iko hapahapa Sange, kwa shemeji yake, amejificha mu depo ya muchele."

"Usiseme amejificha, mama. Mwalimu anapumzika."

"Anapumzika chini ya magunia, Papa Apari."

Tukaenda. Shefu Anselme alitoka chini ya magunia na pumba kwenye nywele, akajaribu kusimama kama aliyekuwa anakagua mchele. Alipoona viti alifumba macho.

"Wanafunzi wangu," akasema kwa upole, "sasa ni vita."

"Kanuni haitaji vita, Shefu," nikamwambia, kwa sababu ni kweli haitaji, niliisoma mara nyingi. "Inataja kuhudhuria."

"Shefu," Mama Vumilia akasema, "minye nikikosa mwaka huu, hapana mwaka mwingine. Fundisha hata kidogo kila siku. Tutakaa kimya."

Shefu alimwangalia, akaangalia barabara, akaahidi kwamba kesho asubuhi tutaanza. Kesho yake asubuhi shemeji yake alitufungulia mlango na uso wa aibu. Shefu alikuwa ameondoka alfajiri, anakwenda Lemera milimani, kwa mama yake.

Mimi nilitaka kuishia hapo. Miguu yangu haikuandikwa kwenye kanuni. Lakini Mama Vumilia aliniwekea fotei mbele, akasimama nyuma yake kama yuko mahakamani. "Papa Apari, tukienda bila weye, ile haitakuwa somo. Itakuwa matembezi. Nani atasema tulikuwa?" Nikamtazama mke wangu anisaidie kukataa. Akasema, "Enda tu, baba. Hapa umeshaanza kuhesabu kuku za mama."

Tukafika Bwegera, na hapo kabla ya kushika njia ya mlima kulikuwa na bariyeri ya askari. Askari wa upande gani, siku zile mtu hakuuliza. Komanda wao alikuwa kijana, amekaa kwenye kreti, bunduki mapajani. Akaangalia msafara wetu kwa mshangao.

"Simama! Munahamisha baa ya nani?"

"Sisi ni wanafunzi wa chuo, komanda," nikasema.

"Na muko naenda wapi na viti?"

"Kuhudhuria."

Akainuka, akanisogelea, akaniangalia karibu sana. "Papa Apari?" Mungu wangu, moyo ulishuka mpaka kwenye viatu. "Papa Apari! Weye njo ulinikatazaka mulango wa mutihani wa statistiki!"

"Ulikuwa umekosa masomo, komanda."

"Nilikuwa mugonjwa!"

"Ulikuwa kwenye mpira. Nilikuona. Ulifunga bao zuri."

Askari wake wakaangua kicheko. Yeye akacheka kidogo, kisha akaacha, akaupiga kofi mtutu wa bunduki. "Bon. Yameisha. Lakini leo unaniandika prezan kwa yote niliyokosa. Leo hii, hapa hapa."

Nilijua jibu la mtu mwenye akili. Lakini mazoea ni kitu kibaya, nikasikia mdomo wangu wenyewe unasema, "Kiti chako kiko wapi?"

Mama Vumilia alinifinya mkono, kucha zikaingia. Komanda alinitazama, na mimi nikaanza kumwombea mke wangu apate mume mwingine mwenye busara. Halafu yule kijana akacheka, akacheka hasa, akajifuta macho kwa kofia. "Huyu muzee! Hata vita haikumubadilisha! Pitisheni bantu na viti vyao." Tulipokuwa tunapita akatuambia kwamba Shefu Anselme naye amepita alfajiri analia. "Alisema mama yake amekufa jana, iko naenda kumuzika. Njo maana nilimuachia njia."

Jamani, tulishtuka. Sisi tulikuwa tunamfukuza mtu mwenye msiba! Mama Vumilia alijishika kichwa akisema maskini, maskini, na mimi nilikuwa nimemsema vibaya njia nzima. Komanda akatuletea mkungu wa ndizi kutoka nyuma ya kibanda. "Mumupelekee mufiwa. Alinipatiaka sufuri bila mutihani, lakini mama ni mama." Kijana yule sikumwona tena, wala sikusikia habari zake. Namwombea popote alipo.

Sasa mlima. Anayejua njia za miguu za Lemera anajua kwamba zimetengenezwa kwa mbuzi. Warudiaji wengine walikwenda pamoja, mwenye kiti cha kinyozi akikivaa shingoni, mwenye mkungu akihema. Mama Vumilia alikuwa mbali chini, na fotei, anapumzika kila kona. Kijana mmoja akamwita kwa utani, "Mama! Shiye bote tuko huku mu wastani! Weye peke yako uko kule!"

Nilimwona anasimama. Akaiweka fotei katikati ya njia, akaketi juu yake, akatazama uwanda wote ulivyolala chini na ziwa kwa mbali. Nikadhani amekata tamaa, nikashuka kumsaidia.

"Ngoja, Papa Apari. Ngoja kwanza. Wastani njo kundi?"

"Njo kundi."

"Na minye niko mbali na kundi. Kwa hiyo ule umbali wangu, njo ile ekati Shefu anaandikaka kila mwaka?"

"Mimi ni wa kengele, mama, lakini naona ni hivyo."

"Miaka yote banaandika ile kintu ubaoni na alama za Kigiriki," akasema polepole, "kumbe ni minye na fotei!" Akacheka, akainuka, akaibeba tena. Tangu hapo alipanda mlima akijisemea namba.

Tulipokaribia nyumba ya kina Shefu tulijiweka sawa, kama inavyopasa. Kofia zikatoka. Kwetu huingii matangani kimya, na watu wenye adabu huja na viti, maana nyumba ya msiba haina vya kutosha. Kwa mara ya kwanza viti vyetu vilionekana vina maana. Mama Vumilia akatangulia, akafungua kilio kule uani, kilio cha kweli, na machozi: "Yoo, mama yetu! Yoo, umetuacha!" Wanawake wakamfuata. Majirani waliokuwa mashambani wakaacha majembe wakaja mbio.

Mlango ukafunguka. Akatoka bibi kizee mnene kiasi, ungo wa maharage mkononi. "Nani amekufa?"

"Mama ya Shefu Anselme," Mama Vumilia akajibu kwa kwikwi.

"Mama ya Anselme ni minye."

Bibi akaweka ungo chini. "Nilikufa lini?"

"Jana," nikasema. "Wanasema."

"Nani anasema?"

Macho yetu yote yalikuwa yamekwenda mlango wa jikoni, ambapo Shefu Anselme alikuwa amesimama na muhogo wa kuchoma nusu mdomoni. Bibi akamwangalia mtoto wake, akaangalia viti, akaangalia mkungu. "Na hii ndizi?"

"Ni za matanga yako, mama," nikasema.

"Peleka ndani," akasema. Halafu akamgeukia Shefu, na hapo hata majirani walirudi nyuma hatua. "Anselme! Nilikusomesha na jembe, na hii mikono. Sasa bantu banapanda mulima na viti ku kichwa juu bakusikilize weye, na weye unaniua minye ili usibafundishe? Tema hiyo muhogo. Fundisha. Nitakaa hapahapa nisikie." Akaangalia uani akachagua pa kukaa, akachagua fotei. Sikuthubutu kumwuliza kiti chake.

Basi Shefu Anselme alifundisha. Mlango wa nyumba ndio ulikuwa ubao, makaa ndiyo yalikuwa chaki. Mimi nilining'iniza jembe bovu kwenye paa la jikoni, nikaligonga kila asubuhi kama kawaida, na kila asubuhi nilizunguka nikikamata viti. Alifundisha mediani kwa kutupanga kwa urefu. Alifundisha wastani kwa maharage ya mama yake, ambayo baadaye tuliyala. Na wakati mwingine mizinga ilisikika kutoka uwandani, na sote tulijua kuna watu wetu kule chini. Siku moja mlio ulikuwa mkubwa, Shefu akaachia makaa mbele yetu. Mama yake akainuka kwenye fotei, akayaokota, akamrudishia mkononi. Shefu akamalizia mstari. Siku ile nilimpenda mtu yule, na niliona haya kwa jinsi nilivyomcheka.

Mama Vumilia alikaa chini kwenye mkeka, mbele, kwa sababu fotei ilikuwa na mtu. Nilimwandika prezan. Kama Papa Simoni alinikasirikia huko aliko, tutazungumza nikifika.

Kozi iliisha, na mji ukatulia. Tukashuka. Fotei ilibaki Lemera, bibi alisema mtu aliyeliliwa vile ana haki ya kurithi. Auditwari yetu tuliikuta bila nusu ya mabati, na mabenchi mengi yameshapikiwa chakula. Hata hivyo siku ya mtihani ikatangazwa, na mimi nikasimama mlangoni na majina yangu. Hapo ndipo sekretari akademiki aliporudi kutoka Bujumbura, suti mpya, shavu limejaa.

"Apariteri," akasema, "hao wa Lemera uwaondoe. Masomo yalifanyika nje ya chuo. Hawakuhudhuria."

"Lakini wewe mwenyewe, sekretari, ulisema redioni..."

"Redio si saini."

Warudiaji wote walisikia. Mama Vumilia alikuwa mbele, na kalamu mbili mkononi, maana aliogopa moja itamwishia. Hakupiga kelele. Alinitazama tu, akasema kwa sauti ndogo, "Papa Apari, minye sina mwaka mwingine." Hasira iliyonipanda siwezi kuiandika hapa. Kwenye bariyeri niliogopa, lakini hapa sikuogopa, nilitaka kumpiga sekretari kwa chuma cha kengele, na chuma nilikuwa nacho. Lakini apariteri hawezi kumshinda sekretari, na wote wawili tulijua.

Shefu Anselme alikuwa amefika nyuma yetu, karatasi za mtihani kwapani. Alikohoa kidogo.

"Sekretari, unasema huyu mama hakuhudhuria?"

"Kanuni ndiyo inasema."

"Sikia," Shefu akasema, na sauti yake ilikuwa inatetemeka lakini haikurudi nyuma. "Nilijificha chini ya magunia ya mchele, huyu mama akanikuta. Nilitoroka alfajiri, akanifuata. Nilimuua mama yangu mzazi kwa mdomo wangu ili nimkwepe, akaja matangani na kiti kichwani. Vita nilivikimbia, vikaniacha. Huyu nilimkimbia, hakuniacha. Kama huyu hakuhudhuria, basi tangu chuo hiki kijengwe hakuna aliyehudhuria." Akamwekea sekretari karatasi zote mikononi. "Ukimwondoa, mtihani huu utausahihisha weye."

Sekretari alifungua karatasi ya juu, akaona zile alama za Kigiriki, akaifunga. Akarekebisha tai. "Waingie," akasema, akaenda zake upande wa ofisi. Nami nikaita jina la Mama Vumilia la kwanza kabisa, kwa sauti ambayo nadhani Kavimvira waliisikia.

Matokeo yaliposomwa, tulijaa mbele ya ofisi. Shefu Anselme alisoma bila kuinua macho, kama kawaida yake, majina na majina, na wengi walifeli, maana vita havikumfundisha huruma kwenye kusahihisha. Mama Vumilia alikuwa amesimama karibu na mimi, amejifunika kitenge mpaka kidevuni. Likafika jina lake. Amepita.

Hakupiga vigelegele. Hakusogea. Watu walimkumbatia, wakamvuta huku na huku, yeye akawa anaitikia tu, ndiyo, ndiyo, asante. Watu walipopungua alinigeukia na uso uleule wa kila jioni kule Lemera, akaniuliza, "Papa Apari, kesho tunaanza saa ngapi?"

"Kesho usije, mama."

Akanitazama kwa woga. "Nisije?"

"Usije. Umemaliza."

Akaketi chini palepale kwenye vumbi, akalia. Mimi miaka yangu yote kazi yangu ilikuwa kuwaambia watu waje. Nilizunguka nyuma ya ofisi, nikajifanya natafuta kitu, nikalia na mimi.